Mgeni na Damu Yake: Maisha ya Ughaibuni Katika Fasihi Tunayofundisha

Kila linapoulizwa swali kuhusu hadithi ya ‘Damu Nyeusi’ ya Ken Walibora, wanafunzi wengi hukimbilia jibu moja: maudhui ni ubaguzi wa rangi. Wakishaandika hivyo, huorodhesha visa vya Wazungu kumdhulumu Fikirini, kisha wakaweka kalamu chini. Jibu hilo si baya, na alama zake zipo. Hata hivyo, linaiacha nje nusu ya hadithi, na nusu hiyo ndiyo iliyoipa hadithi jina lake. Katika makala haya nitajaribu kuonyesha kwamba hadithi hiyo, pamoja na kazi nyingine chache zinazomhusu Mwafrika aliyevuka bahari, inafaa isomwe kwanza kama hadithi ya mshtuko wa kitamaduni, ndipo isomwe kama hadithi ya rangi. Usomaji wa namna hiyo utatuonyesha pia pengo lililomo katika fasihi yetu, pengo ambalo wanafunzi wa huku Mitaboni waliliona kabla yetu sisi walimu wao.

Ni kweli kwamba diwani ya Damu Nyeusi na Hadithi Nyingine, iliyohaririwa na Ken Walibora na Said A. Mohamed mwaka 2007, ilitahiniwa katika KCSE kati ya mwaka 2013 na 2017, na haimo tena katika orodha ya vitabu teule. Lakini nakala zake zingali zimejaa katika maktaba zetu, na mwalimu anayetaka kuwapa wanafunzi wa kidato cha pili mazoezi ya uhakiki kabla ya kuvikabili vitabu teule hapati mahali pazuri zaidi pa kuanzia.

Tuzitazame kwanza istilahi. Mshtuko wa kitamaduni ni hali ya mtu kujikuta mahali ambapo mambo aliyoyajua bila kufundishwa yameacha kumfaa: namna ya kusalimu, wakati wa kunyamaza, nani wa kupishwa njiani, mgeni hupewa nini afikapo. Mtu huyo hana upungufu wa akili wala wa elimu. Ujuzi wake umebaki kwao. Kiswahili kina maneno kadhaa ya kuitaja nchi hiyo ya mbali, nayo yanastahili dakika tano za kipindi. ‘Ng’ambo’ ni upande wa pili wa maji, na Wazanzibari wanayo Ng’ambo yao, mitaa iliyokuwa upande wa pili wa hori ukitokea Mji Mkongwe, walikoishi watu wa hali ya chini. ‘Ulaya’ asili yake ni neno la Kiarabu lenye maana ya jimbo au himaya. ‘Majuu’ ni neno la vijana wetu, na halifichi chochote: huko ni juu, hapa ni chini. Ninalolipenda zaidi ni ‘ughaibuni’, linalotokana na ghaibu, yaani pasipoonekana. Aliyeko ughaibuni haonekani na waliobaki nyumbani. Tutaona hapa chini kwamba mara nyingi haonekani hata na wale anaoishi nao.

Sasa turudi kwa Fikirini. Fikirini ni jina la kawaida la pwani, lakini katika hadithi hii ni vigumu kulisoma bila kuisikia amri iliyomo ndani yake: fikirini, enyi wasomaji. Fikirini ni Mwafrika aliyekwenda kusoma chuo kikuu nchini Marekani. Huko anabaguliwa na Wazungu, mbele ya umma na hata katika masomo yake. Hapo ndipo watahiniwa wengi hukomea. Kisha anatokea Fiona, Mmarekani mweusi, anayemkaribia kwa lugha ya udugu, na udugu huo msingi wake ni damu. Fikirini aliyekuwa na kiu ya kutambuliwa anamfuata hadi nyumbani. Huko yuko Bob, na udugu wote unageuka mtego. Fikirini anaporwa na watu wa damu yake.

Mwalimu mwenzangu, hebu tujiulize: kwa nini kijana msomi, mwenye jina la kufikiri, ananaswa kwa urahisi hivyo? Angekuwa kwao, mtu asiyemjua angemsogelea na kumwita ndugu, naye angekuwa na vipimo vya kumpimia. Angemuuliza anatoka wapi, ni wa nani, anamjua fulani wa kijiji fulani. Angeisikiliza salamu yake na lafudhi yake. Hapa Ukambani mzee akikutana na kijana njiani, hata kabla ya kumuuliza jina lake atataka kujua ni mwana wa nani na wa mbari gani. Marekani vipimo hivyo vyote havipo. Fikirini amebaki na kipimo kimoja tu, nacho ni kile alichopewa na wanaombagua: ngozi. Mbaguzi husema, huyu ni mweusi, basi ni mbaya. Fikirini anasema, huyu ni mweusi, basi ni ndugu. Hukumu ni mbili, lakini mizani ni ile ile. Hiki ndicho kinaya kikuu cha hadithi, na mtahiniwa anayekitambua hana haja ya kuorodhesha visa kumi. Viwili vinamtosha, mradi aonyeshe jinsi kisa cha kwanza kinavyomwandaa Fikirini kuangukia cha pili.

Sisemi kwamba hadithi haina kasoro. Fiona na Bob wamechorwa kama wahusika bapa. Hatuingii mawazoni mwao, hatujui wamelelewaje, na hatujui wamefundishwa nini kuhusu Afrika. Msomaji asiye makini ataondoka na ubaguzi mpya mkononi: kwamba Wamarekani weusi ni wezi. Nimesahihisha insha zilizosema hivyo waziwazi. Hapo jukumu ni la mwalimu, kuwakumbusha wanafunzi kwamba vizazi vya watumwa waliochukuliwa kutoka pwani ya Afrika Magharibi vimeishi Marekani miaka mamia, na kwamba kumwita mmoja wao ndugu baada ya kutengana muda wote huo ni ombi kubwa, halitimizwi kwa kutazamana usoni tu. Sidhani Walibora hakulijua jambo hili. Alisomea uzamifu katika Chuo Kikuu cha Ohio State, akafuzu mwaka 2009, na baadaye akafundisha Wisconsin. Pengine ufupi wa hadithi ulimbana. (Ni makosa, hata hivyo, kuandika kwamba Fikirini ni Walibora. Mwandishi huazima uzoefu wake. Haukodishi wote kwa mhusika mmoja.)

Wanaopenda kulinganisha wataiona hali hii kwa waandishi wa Afrika Magharibi pia. Katika Americanah ya Chimamanda Ngozi Adichie, iliyotoka mwaka 2013, Ifemelu anafika Marekani kutoka Nigeria na kugundua kwamba amekuwa ‘mweusi’, jambo ambalo nyumbani halikuwa na maana kubwa. Sissie wa Ama Ata Aidoo, katika riwaya ya mwaka 1977 ya Our Sister Killjoy, anatoka Ghana kwenda Ujerumani na Uingereza akiwa na ulimi mkali, na ni yeye anayewachunguza wenyeji pamoja na Waafrika wenzake waliokataa kurudi. Wanafunzi wetu hawatahiniwi juu ya hawa, lakini mwalimu akiwasimulia kwa ufupi, wataelewa kwamba Fikirini ana ndugu wengine, tena wa aina isiyohitaji damu.

Watu wengi, hata walimu, hudhani kwamba safari za Mwafrika kwenda nchi za wengine zilianza na misaada ya masomo ya miaka ya 1960. Wanaojua Kiswahili hawana udhuru wa kudhani hivyo. Mwaka 1901 Carl Velten alichapisha huko Ujerumani kitabu cha nathari ya Kiswahili kiitwacho Safari za Wasuaheli. Mmoja wa wasimulizi wake ni Salim bin Abakari, mwenye asili ya Komoro, aliyefuatana na Mjerumani Theodor Bumiller mwaka 1896 kutoka Berlin hadi Urusi na Siberia. Katika masimulizi hayo watu wanamkodolea macho Salim kwa kuwa hawajamwona mtu wa rangi yake. Lakini naye hajainamisha kichwa. Anawatazama wao, anaeleza vyakula vyao, makazi yao na desturi zao, na anazipima kwa mizani ya mtu wa pwani mwenye dini na ustaarabu wake. Yeye ni mtumishi safarini, lakini katika nathari ni bwana. Ukimlinganisha na Fikirini, aliyetutangulia kwa zaidi ya miaka mia moja ndiye aliyejiamini zaidi. Fikirini anatazamwa tu. Salim anatazamwa na kutazama. Sababu iko wazi: Salim anasimulia mwenyewe kwa nafsi ya kwanza, na katika lugha ambayo Warusi hawaisikii. Suala la nafsi ya msimulizi, ambalo watahiniwa huliona kama jambo la kukariri tu, hapa linaamua nani mgeni na nani mwenyeji.

Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, anayejulikana kwa kitabu cha Desturi za Wasuaheli cha mwaka 1903, alikuwa na msiba wa aina nyingine. Alikwenda Berlin mwaka 1900 kufundisha Kiswahili, akamwoa mwanamke Mjerumani. Mwaka 1905 walisafiri ili waje kuishi Afrika Mashariki. Walipofika Dar es Salaam, utawala wa kikoloni ukakataa kumruhusu ashuke na mkewe, ikawabidi warudi Ujerumani. Mtoro alifia Berlin mwaka 1927. Mtu aliyewaeleza Wajerumani desturi za kwao kuanzia kuzaliwa hadi kufa alizuiwa kwenye mlango wa kwao. Sijapata kuona riwaya ya Kiswahili iliyomfanya mhusika, na kusema kweli ninashangaa.

Fasihi yetu ya shule imempenda zaidi anayerudi. Katika Mwisho wa Kosa ya Z. Burhani, Muna anarejea kutoka masomoni ng’ambo, na Madongoporomoka alikozaliwa hapamtoshi tena. Katika Kidagaa Kimemwozea, Madhubuti anarudi kutoka Urusi akiwa amekomaa kimawazo na hataki kazi ya kupewa kwa mkono wa babake, Mtemi Nasaba Bora. Hawa wawili ni pande mbili za sarafu: mmoja ameletwa na kiburi, mwingine ameletwa na msimamo. Lakini hebu tazama: katika riwaya zote mbili ng’ambo yenyewe ni kama ghala. Mhusika anaingia mtupu, anatoka na shehena, na tunapewa habari chache mno za yaliyompata ndani. Madhubuti alipofika Urusi alikula nini mwezi wa kwanza? Nani alimfundisha kutembea kwenye barafu? Mwanafunzi wangu mmoja aliuliza hivyo na darasa likacheka, lakini lilikuwa swali la kihakiki barabara. Msimamo wa Madhubuti tunaambiwa umetoka huko, bali namna ulivyojengeka hatuionyeshwi.

Aliyetuonyesha hatua hiyo ya kuingia kwa kina ni Abdulrazak Gurnah, mzaliwa wa Zanzibar aliyehamia Uingereza akiwa kijana na kutuzwa Nobeli ya fasihi mwaka 2021. Yeye huandika kwa Kiingereza, ingawa riwaya yake ya Paradise sasa tunayo kwa Kiswahili kwa jina la Peponi, tafsiri ya Ida Hadjivayanis ya mwaka 2022. Katika By the Sea ya mwaka 2001, mzee Saleh Omar anafika uwanja wa ndege wa Gatwick akitumia jina lisilo lake, na ameshauriwa ajifanye hajui Kiingereza. Mizigo yake ni michache, lakini anacho kisanduku cha udi. Afisa wa uhamiaji, Kevin Edelman, ambaye wazazi wake mwenyewe walikuja kutoka Romania, anakichukua. Saleh Omar anaelewa kila neno linalosemwa, naye amenyamaza. Kwa msomaji wa pwani udi si kitu cha thamani ya fedha tu. Ni harusi, ni maulidi, ni nyumba iliyofukizwa mgeni akitarajiwa. Afisa hajui amechukua nini. Mshtuko wa kitamaduni hapa umeelezwa kwa harufu, bila neno hilo kutajwa hata mara moja. Ningependa mtahiniwa anayeandika kuhusu matumizi ya ishara aanze na mfano kama huu.

Sasa nifikie pengo nililolitaja. Wakati fulani nilikiuliza kidato cha tatu ni nani ana jamaa anayeishi ughaibuni. Mikono ilikuwa mingi. Nilipouliza wako nchi gani, sikusikia Marekani, wala Urusi, wala Uingereza. Nilisikia Saudia, Katari, Dubai. Na wengi wa waliotajwa hawakuwa wanafunzi wa vyuo vikuu; walikuwa shangazi, dada na mama, waliokwenda kufanya kazi za nyumbani. Huyo ndiye msafiri wa kizazi hiki kutoka Mitaboni, Kathiani na Machakos kwa jumla. Anapitia kwa ajenti Nairobi, anapimwa afya, anapewa viza, anapanda ndege mara ya kwanza maishani, na anashukia katika nyumba ambayo huenda akaishi miaka miwili bila kuujua mtaa wa nyuma. Kwa miaka mingi mfumo wa kafala ulikifunga kibali chake kwa mwajiri mmoja. Hata mageuzi ya Saudia ya mwaka 2021, yaliyowalegezea wafanyakazi wengine, hayakuwahusu wa nyumbani. Serikali ya Kenya iliwahi kupiga marufuku upelekaji wa wafanyakazi wa nyumbani Mashariki ya Kati mwaka 2014, kisha marufuku ikaondolewa na safari zikaendelea.

Mwanamke huyu yuko wapi katika riwaya zetu za shule? Chozi la Heri inampeleka Mwangeka Mashariki ya Kati, naam, lakini kama mlinda amani, mwenye sare na kikosi. Yaya hayumo. Mwandishi aliyemwona mapema ni Msenegali, Ousmane Sembène. Hadithi yake fupi ya ‘La Noire de...’, iliyotoka katika mkusanyo wa mwaka 1962 na kufanywa filamu mwaka 1966, inamfuata Diouana kutoka Dakar hadi Antibes, kusini mwa Ufaransa. Alidhani anakwenda kulea watoto na kuiona Ufaransa. Ufaransa aliyoiona ni jiko, bafu na vyumba vya kusafisha. Mwisho wake ni wa kuhuzunisha, kwani anajitoa uhai. Badilisha Antibes uweke Riyadh, na wanafunzi wangu wataisimulia hadithi hiyo bila kuisoma.

Isitoshe, mhusika kama huyo angempa mwandishi wa Kiswahili utajiri wa lugha ambao Fikirini hawezi kumpa. Mzungumzaji wa Kiswahili anapoingia katika nyumba ya Waarabu hajaingia mikono mitupu. Anayasikia maneno anayoyajua yakiwa yamevaa nguo nyingine: sukari, sabuni, samaki, kahawa, dakika, habari. Anapata moyo. Kisha anaambiwa aende ‘mahal’, anadhani ni mahali fulani tu, kumbe anatumwa dukani. Lugha iliyomlaki kama jamaa inamwacha njia panda. Hii ni ‘Damu Nyeusi’ nyingine kabisa, ambapo udugu unaosaliti ni wa maneno, wala si wa ngozi. Kwa msichana wa Kikamba kuna ngazi ya ziada, maana Kiswahili chenyewe alikipata shuleni.

Wengine husema kwamba fasihi ya namna hii itakuwa ya kilio tu. Sikubaliani nao. Waliorudi huja na vicheko pia, na ujuzi. Wakamba hawakuanza kwenda mbali leo. Misafara yao ilifika Mombasa na pembe za ndovu katika karne ya 19, na uchongaji wa Wamunyu, unaolisha nyumba nyingi upande ule wa Machakos, huhusishwa na Mutisya Munge, aliyekwenda Tanganyika wakati wa Vita vya Kwanza vya Dunia, akaona kazi ya wachongaji wa huko, akarudi nayo kwao. Huyo pia ni mhusika wa ughaibuni, na hakuna anayemlilia.

Tukisubiri waandishi, lipo tunaloweza kulifanya kupitia fasihi simulizi. Mtalaa unawataka wanafunzi wajifunze ukusanyaji wa data nyanjani, na mara nyingi tunawatuma kwa mababu kuleta hekaya za fisi na sungura ambazo wamezinakili vitabuni. Tuwatume pia kwa waliorudi. Wapate idhini ya msimulizi, wafiche jina lake, wasimlazimishe kutaja asilotaka kulitaja, na wanakili maneno yake kama alivyoyatamka, na Kikamba chake na Kiarabu chake cha jikoni. Kisha darasani masimulizi yahakikiwe kama matini nyingine yoyote. Katika mazoezi niliyoyajaribu, maswali mawili yalizaa majibu bora kuliko mengine. La kwanza: msimulizi anatumia ‘sisi’ wakati gani na anageuka kusema ‘mimi’ wakati gani? La pili: ni kitu gani kidogo anachokitaja mara kwa mara? Mmoja wa wasimulizi alikuwa akiurudia ufunguo. Katika nyumba ya vyumba vingi alivyovisafisha kila siku, kila mlango ulikuwa na ufunguo isipokuwa wa chumba alicholala yeye. Wanafunzi waliuona ule ufunguo bila kuongozwa, na wawili kati yao wakauweka kando ya kisanduku cha udi cha Saleh Omar.

Anayetaka kutunga swali la insha kwa kidato cha nne na alijaribu hili: “Fikirini hakuporwa na Fiona na Bob tu. Thibitisha.” Mpe mtahiniwa alama ishirini, na usimpe nafasi ya kuorodhesha.